Mkia Unasema, Mgongo Unakanusha

SWALI: Mbwa wa jirani alikuwa anatingisha mkia, mwanangu akamsogelea, akang'atwa. Si mbwa akitingisha mkia amefurahi? – Mama wa watoto watatu, Igoma

JIBU: Pole sana, mama. Mkia peke yake unasema tu kwamba mbwa amechangamka, iwe kwa heri au kwa shari. Usome pamoja na mgongo, masikio na mdomo. Mkia ukipepea kwa upana hadi kiuno kinayumba, na mwili umelegea, huyo ana amani. Ukisimama juu na kutikisika kwa mapigo mafupi ya haraka, mwili umekakamaa na macho hayabanduki, huyo si wa kusogelea. Ishara mbili zikipingana, amini ile ya hatari. Mtoto asikimbie wala asimkodolee macho. Asimame ubavu, mikono chini, kisha arudi nyuma taratibu.

Na kama hamjafika hospitali, nendeni leo, hata kama mbwa anaonekana mzima. Kidonda huoshwa papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15. Chanjo haingoji dalili, kwa sababu kichaa cha mbwa kikishaonyesha dalili, karibu kila mgonjwa hufa.

SWALI: Kwenye mawe ya Ziwa Victoria kuna samaki aina ya furu, wekundu na wa bluu. Mwalimu anasema rangi ndiyo lugha yao. Ni kweli? Sisi wanafunzi tunaweza kupima nini? – Kidato cha tatu, Bwiru

JIBU: Ni kweli, ila rangi ni sehemu tu ya mazungumzo. Hao mnaowaona wamepambika ni madume. Wekundu yaelekea ni Pundamilia nyererei, aliyepewa jina la Mwalimu Nyerere, na wa bluu ni Pundamilia pundamilia. Majike wa pande zote mbili wamepauka na wanafanana. Dume hujiweka ubavu mbele ya jike, hutandaza mapezi na kutetemesha mwili, na katika kutetemeka huko hutoa mlio mzito ambao mtu aliye juu ya maji hausikii. Jike akikubali hutaga na kuyabeba mayai mdomoni. Yale madoa ya njano kwenye pezi la chini la dume, karibu na mkia, hufanana na mayai. Jike huyadonoa, na hapo ndipo anapopokea mbegu. Hata mkojo una kazi: dume la perege wa Msumbiji, ndugu wa sato wetu, akitishana na mwenzake huuachia kidogo kidogo, na harufu humwambia mpinzani anapambana na nani.

Rangi lakini inataka mwanga. Mwaka 1997 watafiti Ole Seehausen, Jacques van Alphen na Frans Witte walieleza jinsi maji ya ziwa yanavyochafuka na majike kushindwa kutenga mwekundu na wa bluu, hadi aina zinachanganyika. Kwenye mawe ya Makobe, penye maji maangavu, wekundu na bluu wamebaki mbalimbali. Luanso, ndani ya Ghuba ya Mwanza kwenye maji ya tope, wamechanganyika. (Sangara hulaumiwa kwa kila lililompata furu. Alikula, ndiyo, lakini tope nalo lina kesi ya kujibu.)

Basi pimeni uangavu. Kateni duara la sentimita 20 kwenye mfuniko wa ndoo, ligaweni robo nne, mpake nyeusi na nyeupe kwa kupokezana. Toboeni katikati, fungeni uzito chini, na kamba iwe na fundo kila sentimita 10. Adhuhuri, upande wa mtumbwi wenye kivuli, shusheni hadi duara lipotee, andikeni kina, vuteni hadi lionekane tena, andikeni, chukueni wastani. Mpimaji avue miwani ya jua. Mtumbwi ukisukumwa na upepo kamba hulala mshazari, na mtasoma kina kirefu kuliko cha kweli.

SWALI: Injini ilituzimikia usiku tukiwa kwenye dagaa. Tulimulika tochi hadi alfajiri, mitumbwi ikatupita. Tulikosea wapi? – Mvuvi, Ukerewe

JIBU: Ziwa la usiku limejaa taa za dagaa, kwa hiyo taa inayowaka bila kukatika inasomeka "tuko kazini". Yenu ilitakiwa ikatekate kwa ishara ya kuomba msaada: mimuliko mifupi mitatu, mirefu mitatu, mifupi mitatu. Mfupi sekunde moja, mrefu tatu, na giza la sekunde moja katikati; kati ya mafungu matatu hayo pumzika sekunde tatu. Ziba tochi kwa kofia badala ya kubonyeza swichi, ambayo huharibika mapema. Betri itunzeni hadi muone au msikie chombo.

Ongezeni sauti. Kelele za mdomo humezwa na injini ya anayepita. Filimbi ya plastiki hupenya zaidi, na iwe isiyo na kipira ndani, maana kikilowa hukwama. Mchana nyoosheni mikono yote miwili pembeni, muipandishe na kuishusha polepole, tena na tena. Mkono mmoja ukipungwa, mwenzenu atawapungia naye aende zake. Mtandao ukipatikana, pigeni 112, au 114 ya Zimamoto na Uokoaji, na mtaje kwanza kisiwa kilicho karibu.