Matembezi ya jioni Old Kampala pamoja na mama

Dada, nimeelewa kwamba unataka kutembea Old Kampala jioni pamoja na mama yako, mkiwa na kiongozi wa watalii, ila unahofia magoti yake na vibaka. Mwombe kiongozi mwanze saa kumi, kwa sababu hapa karibu na ikweta giza huingia upesi jua likishatua, na mnara wa Msikiti wa Taifa wa Uganda, ulioko hapo Old Kampala, una ngazi zaidi ya 300 zinazozunguka. Mama apumzike chini, nawe upande. Nilipofika juu niliona barabara zikishuka kilima pande zote, taa za teksi zikianza kuwaka. Mjitande mitandio mkiingia msikitini. Simu msizishike mkononi kandokando ya barabara, maana wanyakuzi hupita na bodaboda. Magoti yakiwa yamevimba, aonwe na daktari kwanza.