Mwongozaji kasema, mimi nimeona vingine

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nimebishana na kaka yangu juu ya filamu ya Blade Runner. Mimi naamini Deckard, yule askari anayewawinda watu wa kutengenezwa, ni binadamu kamili. Kaka kaniletea mahojiano ambamo mwongozaji, Ridley Scott, anasema Deckard naye katengenezwa. Ina maana miaka yote hii nimekuwa nikielewa vibaya?

JIBU: Marahaba. Mwambie kaka yako kwamba hata Harrison Ford, aliyemwigiza Deckard, hakukubaliana na Scott. Yeye alimshikilia kuwa ni mtu, ili mtazamaji apate wa kuwa upande wake.

Lakini sipendi ushinde kwa majina ya wakubwa. Mahojiano hayamo ndani ya filamu. Rudi kwenye picha yenyewe, pale mwishoni Deckard anapotoroka na Rachael, mwanamke wa kutengenezwa anayempenda. Kiatu cha Rachael kinagusa kitu sakafuni. Deckard anainama, anaokota farasi mdogo wa karatasi, mwenye pembe moja. Anamtazama, anaitikia kwa kichwa, kisha anamfinya kiganjani.

Katika toleo la mwaka 1982, karatasi hiyo inatuambia jambo moja tu: Gaff, askari mwenzake mwenye mazoea ya kukunja vinyago vya karatasi, alifika hapa akamwacha Rachael aishi. Toleo la 1992 limechomekewa sekunde chache huko nyuma: Deckard yuko kwenye piano, kichwa kimemwelemea, mara anamwona farasi wa pembe moja akikimbia msituni. Ndoto hiyo hatumsikii akimsimulia mtu yeyote. Sasa Gaff kaijuaje? Na kumbuka, Deckard huyo huyo aliweza kumtajia Rachael kumbukumbu za utotoni za Rachael mwenyewe, kwa sababu zilikuwa za kupandikizwa. Karatasi ni ile ile na mkono ni ule ule, ila maana imegeuka kabisa. Kila nikifika hapo moyo unanipasuka, maana lile alilomfanyia Rachael linamrudia mwenyewe.

Kwa hiyo kabla ya kuitana wajinga, ulizaneni mlitazama toleo lipi. Kama wewe ulilelewa na lile la 1982, ulielewa sawasawa ulichoonyeshwa. Kwenye la 1992 mimi niko na kaka yako, tena si kwa sababu ya mahojiano. Litazameni pamoja. Ukiweza kunieleza Gaff alimpataje yule farasi na Deckard abaki binadamu, niandikie tena, nitaichapa barua yako yote.