Funga swichi, taa iwake?

SWALI: Niko Kikuyu, hapa Dodoma. Nimeanza kujifunza elektroniki kwa betri mbili za tochi, glopu moja na vipande vya waya. Maelezo niliyo nayo yanasema, "Funga swichi, taa itawaka." Bibi akinisikia anacheka. Yeye akitaka taarifa ya habari husema "fungua redio", na akichoka, "funga redio". Nani kakosea?

JIBU: Hakuna aliyekosea, ila bibi yako anaongea Kiswahili, na maelezo yako yanaongea Kiingereza kilichovishwa kanzu.

"Fungua" ya bibi ni ya bomba: ukifungua, maji yanatoka, ukifunga, yanakoma. "Funga" ya saketi, yaani njia ya umeme kutoka kwenye betri hadi kurudi, ni ya mkanda: ncha zimekutana, duara limetimia. Betri zako mbili za volti 1.5, zikifuatana, zina volti 3, lakini bila njia ya kwenda na kurudi hazifanyi kitu. Acha pengo la unene wa ukucha tu, glopu haiwaki. Swichi "iliyofunguliwa" ndiyo hiyo yenye pengo.

Basi kitenzi kimoja kimebebeshwa picha mbili zinazopingana, na anayeanza hushika kwanza ile ya bomba, maana ndiyo ya nyumbani. (Ya tatu ipo: ukimwita fundi aje "kufunga taa" sebuleni, atakuja na ngazi na skrubu.) Mimi ningeandika "washa swichi" na "zima swichi", basi.

"Saketi funge" na "saketi wazi" utazikuta vitabuni, zielewe. Ila ukimwelekeza mwenzako, mwambie saketi imeunganika au imekatika. Sikiliza majirani usiku taa zikizimika mtaa mzima: "Umeme umekatika!" Hakuna anayesema umefunguka.

Na kukatika usikuchanganye na shoti, maana ni mambo mawili kabisa. Kwenye shoti njia ipo, tena ya mkato: umeme unatoka chanya hadi hasi bila kupitia kwenye glopu. Ukinzani, yaani kizuizi cha umeme njiani, unakuwa mdogo mno, mkondo, yaani umeme unaopita, unakuwa mkubwa, betri inapata joto. Fundi akikwambia "hapa kuna shoti", usihangaike na waya uliokatika. Tafuta nyaya zilizogusana.

Bibi mwache afungue redio yake.