Kabla ya Kulipia Ukumbi, Nendeni Bomani

Wiki iliyopita binti mmoja anayefuatilia makala zangu aliniandikia hivi: “Dada shikamoo. Harusi yetu ni Jumamosi ya wiki ijayo. Ukumbi tumelipia, MC tumelipia, keki na mapambo tayari. Jana ndiyo tumekwenda bomani kuuliza, tunaambiwa taarifa inatakiwa ikae siku 21. Mchumba wangu anasema tufanye sherehe tu, cheti tutakifuata baadaye. Wewe ulifanyaje?”

Nimeshamjibu. Lakini hilo la “wewe ulifanyaje” limenigusa panapouma, kwa hiyo leo nalijibu kwa kirefu. Najua wengi mnaonisoma mko kwenye vikao vya harusi sasa hivi. Kwenye kamati yupo mtu wa chakula, yupo wa usafiri, yupo wa vinywaji. Mtu wa cheti hayupo.

Mimi ni Mlutheri, mume wangu ni Mwislamu. Tangu uchumba tulikubaliana kwamba hakuna atakayebadili dini ili kumridhisha shangazi au mjomba wa mtu. Kwa Tanzania Bara hilo linawezekana kabisa. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inatambua ndoa inayofungwa kidini, ya kimila na ya kiserikali, na hiyo ya kiserikali ndiyo watu wanaiita ndoa ya bomani, kwa kuwa inafungwa kwenye ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Zote ni ndoa, hakuna iliyo ndogo kwa mwenzake. (Wasomaji wangu wa Unguja na Pemba, sheria hii ni ya Bara. Kwenu kuna utaratibu mwingine, msinifuate kwenye haya.)

Kwetu uamuzi huo ulitosha kuzua maneno. Wakasema nina mimba. Wakasema mwanamume ana mke kijijini anamficha. Baba yangu mdogo, ambaye ndiye aliyebaki kama baba baada ya mzee kufariki, alisema ndoa ya bomani ni ndoa ya watu waliokosa wazazi. Maneno hayo aliyasema mbele yangu, mama yangu akiwa amekaa pale pale.

Tulikwenda bomani asubuhi mapema. Masijala tulimkuta mama wa makamo, miwani imening’inia kifuani kwa kamba, akatupa fomu ya taarifa ya kusudio la kufunga ndoa. Fomu yenyewe siyo ngumu. Mnajaza majina, umri, mnakoishi, majina ya wazazi, na hali yenu kwa sasa: hujawahi kuoa au kuolewa, umeachika, au umefiwa. Aliyeachika anatakiwa aonyeshe hati ya talaka kutoka mahakamani, siyo karatasi iliyoandikwa sebuleni mbele ya wazee. Aliyefiwa aende na cheti cha kifo. Sisi tulikuwa na vyeti vya kuzaliwa, vitambulisho vya NIDA, picha ndogo na barua za serikali ya mtaa, tukadhani tumemaliza.

Yule mama akavaa miwani. Akalaza cheti cha kuzaliwa cha mwenzangu mezani, akaweka kitambulisho juu yake, akapitisha kidole taratibu kwenye jina. Cheti kinasema Ramadhani. Kitambulisho kinasema Ramadhan. Herufi moja. Akasema, “Mwanangu, hawa ni watu wawili. Kamtafute wakili, ule kiapo kwamba ni mtu mmoja, ndipo urudi.” Mwenzangu alitaka kubisha, nikamkanyaga mguu. Tukamtafuta wakili, kiapo kikaandikwa, mhuri ukagongwa, tukarudi. Leo namshukuru yule mama, kwa sababu nimeona watu wanavyohangaika na majina yasiyolingana mtu akishalala kaburini, hayupo tena wa kuulizwa.

Kwa hiyo la kwanza ni hilo: kabla ya kishika uchumba, kabla ya mshenga, laza vyeti vyenu vyote mezani usome majina herufi kwa herufi.

Taarifa inatakiwa itolewe siku zisizopungua 21 kabla ya ndoa, na tangazo hubandikwa hadharani. Letu lilibandikwa kwenye ubao wa matangazo, pembeni ya tangazo la mnada wa ng’ombe waliokamatwa na orodha ya waliopata kazi ya muda. Maana yake ni kwamba mtu yeyote anayejua jambo la kisheria linalozuia ndoa hiyo apate nafasi ya kulisema: kwamba mmoja wenu ana ndoa nyingine ya mke mmoja, kwamba ninyi ni ndugu wa damu, kwamba kuna anayelazimishwa. Ndoa kwa sheria yetu ni muungano wa hiari, na hiyo hiari siyo neno la kupambia.

Baba mdogo alilisikia tangazo kwa watu, akafunga safari.

Aliingia ofisini na barua mkononi, sisi tukiwa tumeitwa kuleta majina ya mashahidi. Afisa akaisoma mpaka mwisho, akaikunja, akamuuliza kwa heshima zote: “Mzee, huyu bwana ana mke unayemfahamu?” Hapana. “Hawa ni ndugu?” Hapana. “Binti analazimishwa?” Kimya. “Sasa pingamizi lako ni lipi?” Baba mdogo akasema mahari haijakamilika, na bwana siyo wa dini yetu. Afisa akamwambia kwamba tofauti ya dini haizuii ndoa ya kiserikali, na mahari kutokukamilika hakuifanyi ndoa isiwe ndoa. Hilo liko kwenye sheria kwa maandishi. Mahari ni deni la heshima kati ya familia na familia, mtalizungumza nyumbani.

Aliondoka na barua yake bila kunitazama. Siku ya ndoa hakuja, na wote aliowazuia hawakuja. Nimesamehe, lakini mwenye kovu usidhani amepoa. Mpaka leo tukikutana misibani kuna wanaoniita “yule wa bomani”.

Siku yenyewe haikuwa na mambo mengi. Sheria inataka mashahidi wasiopungua wawili, watu wazima wanaoelewa lugha inayozungumzwa. Shahidi wangu alikuwa mama yangu, wa mwenzangu kaka yake. Tukatamka, tukasaini, wakasaini. Afisa akatupa cheti, akatuambia tukisome kabla ya kutoka mlangoni. Tukaenda nyumbani kula pilau.

Sasa nikueleze cheti hicho kimefanya nini. Mwenzangu alipotaka kuniandikisha kama mtegemezi wake kwenye bima ya afya kazini, waliuliza cheti cha ndoa. Nilipojifungua kwa upasuaji sikutoa hela mfukoni. Tulipojenga na kuhitaji mkopo kwa dhamana ya nyumba, benki haikuendelea mpaka mimi nimesaini idhini, kwa sababu nyumba ya ndoa haiwekwi rehani wala haiuzwi kienyeji bila ridhaa ya mwenza. Nilikaa kwenye kile kiti cha benki, kalamu mkononi, nikamkumbuka baba mdogo na ndoa yake ya watu waliokosa wazazi.

Na nikukumbushe upande wa pili. Jirani yangu aliishi na mzee wake zaidi ya miaka kumi, watoto watatu, mtaa mzima unamwita mama fulani. Sherehe ilifanyika, kubwa, yenye gari la matarumbeta. Cheti “tutakifuata baadaye”. Mzee alipofariki, ndugu zake walifika kabla ya arobaini, wakafunga kufuli chumba cha mbele. Kule mahakamani kwenye mirathi wakasema huyu alikuwa mpangaji tu.

Watu wengi mnasema, “Ukiishi na mtu miaka miwili, tayari ni mkeo kisheria.” Sikilizeni vizuri. Sheria inasema mwanamume na mwanamke wakithibitishwa kuwa wameishi pamoja miaka miwili au zaidi, na jamii ikawa inawatambua kama mke na mume, kutakuwa na dhana kwamba wameoana. Ni dhana tu, na upande wa pili unaruhusiwa kuivunja kwa ushahidi. Jirani yangu ilibidi atafute majirani, mwenyekiti wa mtaa na picha za zamani ili kuthibitisha maisha ambayo karatasi moja ingeyathibitisha asubuhi moja. Alishinda, lakini amezeeka katika ile kesi.

Ndiyo maana nawaambia dada zangu, na kaka zangu pia: msikubali neno “baadaye”. Mtu anayeweza kuchanga mamilioni kwa siku moja ya kula na kucheza anaweza kutenga asubuhi moja ya kukaa kwenye benchi la bomani. Mnalipia sendofu, mnalipia kichenpati, mnashona sare za kamati, halafu jambo lenyewe linalofanya ndoa itambulike linaachwa liwe la mwisho. Mimi hilo silielewi na sitalielewa.

Mnaofunga kanisani au msikitini, msidhani haya hayawahusu. Kiongozi wa dini anafungisha ndoa halali kwa kuwa ana leseni ya serikali ya kufanya hivyo. Muulizeni. Siyo utovu wa adabu. Siku hizi kuna huduma nyingi zimeanzishwa kwenye mahema na kumbi za kukodi, na mtumishi anaweza kuwa na upako na asiwe na leseni. Muulizeni pia kumbukumbu za ndoa yenu zitapelekwa lini kwa msajili, na cheti mtakipata siku gani. Mnaofunga kimila, sheria inawapa siku 30 baada ya ndoa kwenda kuiandikisha, na karibu kila mtu niliyemuuliza hajawahi kusikia hilo.

Jambo lingine ambalo wanawake wengi hawaulizi: ndoa yenu ni ya aina gani? Kuna ndoa ya mke mmoja na kuna ndoa ya wake wengi. Ya Kiislamu na ya kimila huchukuliwa kuwa ya wake wengi, au inayoweza kuwa hivyo, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Nyingine zote, bomani ikiwamo, huchukuliwa kuwa za mke mmoja. Mwanamume aliye kwenye ndoa ya mke mmoja hana ruhusa ya kufunga nyingine ndoa hiyo ikiwa hai. Sisi tulilizungumza hili mapema kabisa, mume wangu akiwa Mwislamu, nami nilitaka nisikie jibu kwa mdomo wake kabla ya kulisoma kwenye karatasi. Lizungumzeni mkiwa bado mnacheka pamoja.

Na umri. Sheria ya 1971 ilimruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15, na hata 14 kwa ruhusa ya mahakama. Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika kesi aliyoifungua Rebeca Gyumi, ilisema vifungu hivyo vinakwenda kinyume na Katiba, na mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ikakazia uamuzi huo. Mzazi anayesoma hapa na ana mpango wa kumwoza binti ambaye hajafika 18, aache. Sina la kupamba hapo.

Wanaume, nina neno na ninyi. Wewe ndiye unayesema “cheti ni karatasi tu”. Kama ni karatasi tu, kwa nini hutaki kuisaini? Baba anayempenda mkewe hamwachii kazi ya kujithibitisha mbele ya shemeji zake siku ya msiba. Nyumba hujengwa na wawili. Mahakama ya Rufani ilishasema tangu 1983, kwenye kesi ya Bi Hawa Mohamed, kwamba hata kazi za nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Kwa hiyo usimtishe mtu kwamba “hukuja na kitu”.

Turudi kwa binti yangu wa Jumamosi ijayo, maana muda wake ni mfupi. Nilimwambia hivi. Kuna kitu kinaitwa leseni maalumu. Inaombwa RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi, vifo na ndoa, na ikitolewa mnaruhusiwa kufunga ndoa bila kusubiri zile siku 21. Lakini inahitaji sababu ya maana, na “ukumbi tumeshalipia” nisingeitegemea. Aende Jumatatu asubuhi, siyo Alhamisi. Aende na mchumba wake, wote wawili, na vyeti vya kuzaliwa, vitambulisho, picha, na uthibitisho wowote wa sababu yao, kama ni tiketi ya safari au barua ya mwajiri. Ada aulize pale pale dirishani, alipe kwa namba ya malipo ya serikali na abaki na risiti. Mtu yeyote atakayemfuata kwenye korido akisema anaweza kuharakisha, ampite.

Wakinyimwa leseni, basi taarifa waiandikishe siku hiyohiyo na tarehe ya ndoa isogezwe. Wageni waje kula Jumamosi kama wamealikwa, ila waambiwe ukweli kwamba ndoa itafungwa wiki tatu zijazo. Mchumba akikataa hata hilo, akishikilia kwamba sherehe inatosha, nilimwomba binti asimfuate ukumbini kabla hajamuuliza kwa utulivu, mama yake akiwepo, ni nini hasa anachokikwepa bomani.