Roscoe Conkling na hoja kwamba kampuni ni "mtu": daftari lile lilithibitisha nini?

Swali: Ninaandika tasnifu ya shahada ya sheria kuhusu haki za kikatiba za makampuni. Nimekuta mara kadhaa maelezo kwamba Roscoe Conkling, seneta wa New York wa karne ya 19, ndiye aliyeishawishi Mahakama ya Juu ya Marekani ikubali kuwa kampuni ni "mtu" chini ya Marekebisho ya 14 ya Katiba. Alileta ushahidi gani, na je, ninaweza kuutegemea?

Jibu: Unaweza kuutaja kama hoja iliyotolewa na wakili, lakini usiutegemee kama uthibitisho wa nia ya waliotunga kifungu. Ili kuelewa kwa nini hoja hiyo ilisikilizwa kwa uzito mkubwa, yafaa kwanza kumjua aliyeitoa.

Conkling alizaliwa Albany mwaka 1829, akaanza uwakili Utica mwaka 1850, akawa meya wa mji huo, kisha akaingia Baraza la Wawakilishi na, kuanzia 1867, Seneti. Ndani ya Chama cha Republican aliliongoza kundi la Stalwarts, ambalo nguvu yake ilitokana na kugawa vyeo vya serikali kwa makada, hasa katika Forodha ya New York iliyokusanya sehemu kubwa ya mapato ya forodha ya nchi nzima. Mwaka 1881 Rais Garfield alipomteua mpinzani wa Conkling kuwa mkuu wa forodha hiyo, Conkling alijiuzulu useneta akitarajia bunge la jimbo lake limrudishe kwa kishindo. Halikumrudisha, naye akarejea kwenye uwakili. Mwaka uliofuata Rais Arthur, mfuasi wake wa zamani, alimteua kuwa jaji wa Mahakama ya Juu. Seneti ikamthibitisha, naye akakataa kiti hicho.

Kwa hiyo, Desemba 1882, aliposimama kuitetea kampuni ya reli ya Southern Pacific dhidi ya Kaunti ya San Mateo, alikuwa akizungumza mbele ya majaji ambao angeweza kuketi nao. Mgogoro ulihusu kodi. Katiba ya California ya 1879 iliruhusu mwenye mali wa kawaida kupunguziwa thamani ya rehani kabla mali yake haijatozwa kodi, lakini makampuni ya reli yalinyimwa nafuu hiyo. Kampuni ilidai kwamba huo ni ubaguzi unaokatazwa na kifungu kinachompa "mtu yeyote" ulinzi sawa wa sheria.

Hapo Conkling alitoa kitu ambacho umma haukuwa umekiona: daftari la kumbukumbu za kamati ya pamoja ya wajumbe 15 iliyoandaa Marekebisho hayo mwaka 1866, kamati ambayo yeye mwenyewe alikuwa mjumbe wake. Alieleza jinsi rasimu zilivyobadilika kati ya maneno "raia" na "mtu", akaongeza kwamba wakati huo watu binafsi na makampuni ya hisa walikuwa wakiliomba Bunge liwakinge dhidi ya kodi za kibaguzi za majimbo. Msikilizaji aliachiwa ahitimishe mwenyewe kwamba neno "mtu" lilichaguliwa kwa ajili ya makampuni pia. Nani angempinga? Thaddeus Stevens na William Fessenden, vigogo wa kamati ile, walikwisha kufariki, na John Bingham, mtunzi mkuu wa kifungu chenyewe, alikuwa balozi wa Marekani Japani.

Daftari lilipochapishwa kwa ukamilifu mwaka 1914, ilionekana kwamba liliandika hoja za kupitisha na kura zilizopigwa, bila mijadala, na halionyeshi kamati ikizungumzia makampuni. Mwaka 1938 mtafiti Howard Jay Graham alilipitia kwa kina na kuonyesha kuwa Conkling alikuwa ameyanukuu mabadiliko ya rasimu kwa namna ya kupotosha. Naona uchambuzi wake ni wa kuaminika, na tasnifu yako isiukwepe.

Jambo la pili ambalo waandishi wengi hulipita ni kwamba kesi ya San Mateo haikuamuliwa kabisa. Iliondolewa mahakamani mwaka 1885 kwa kuwa deni lilikwisha kulipwa. Kesi ya Kaunti ya Santa Clara dhidi ya kampuni hiyohiyo ya reli, ya 1886, inayonukuliwa kila mahali, iliamuliwa kwa sababu finyu: maofisa wa jimbo walijumlisha thamani ya uzio katika tathmini ya reli bila mamlaka ya kufanya hivyo. Tamko kwamba makampuni ni "watu" lilitolewa kwa mdomo na Jaji Mkuu Waite kabla ya mawakili kuanza kujieleza, nalo likaingizwa na mwandishi wa taarifa za mahakama, Bancroft Davis, katika muhtasari unaotangulia hukumu. Muhtasari huo si sehemu ya hukumu.

Ukitaka mahali ambapo majaji walilisema jambo hili ndani ya hukumu yenyewe, soma kesi ya Pembina, kampuni ya uchimbaji madini, dhidi ya Pennsylvania ya 1888, ambayo hukumu yake iliandikwa na Jaji Field. Lakini huko kampuni ilishindwa, kwa hiyo eleza katika tasnifu yako ni sehemu ipi ya maneno yake iliyokuwa ya lazima kwa uamuzi na ipi haikuwa.