Maswali na Majibu: Fats Domino na santuri yake ndefu ya kwanza

Safari hii maswali yote yanahusu *Rock and Rollin' with Fats Domino*, santuri ndefu (LP) ya kwanza ya mpiga piano wa New Orleans, iliyotolewa na kampuni ya rekodi ya Imperial.

Mbona sauti hailingani? Wimbo mmoja unakwaruza, mwingine uko safi.

Kwa sababu haikurekodiwa kwa mkupuo mmoja. Imperial walikusanya nyimbo 12, nyingi zikiwa zimeshatoka kwenye santuri ndogo, zile za wimbo mmoja kila upande. "The Fat Man" ulirekodiwa tarehe 10 Desemba 1949, katika studio ya Cosimo Matassa, mtaa wa Rampart. "Ain't It a Shame" ni wa 1955. Zilipotoka mara ya kwanza ziliuzwa kama rhythm and blues. Jaladani zikaitwa rock and roll, ila muziki ni ule ule.

Kwenye "The Fat Man" kuna tarumbeta iliyozibwa mdomo?

Hakuna. Ni Domino mwenyewe, anapandisha sauti na kuimba "wah-wah". Ukiurudia, mwache yeye umsikilize Earl Palmer kwenye dramu: pigo la 2 na la 4 linakazwa tangu mwanzo hadi mwisho.

Nikijaribu zile kodi zake (noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja) za mapigo matatumatatu mkono unakufa ganzi, na muziki unasikika kama cherehani.

Makosa ni mawili: unapiga kwa mkono mzima kuanzia kiwiko, na mapigo yote unayapa nguvu sawa.

Anza na mapigo 60 kwa dakika. Kila pigo ligawe mara tatu, upate 12 kwa kipimo kimoja cha mapigo makuu manne. Mkono wa kulia ushike E, G na C ya juu. Kiganja kishuke kwenye pigo la kwanza la kila tatu. Mawili yanayofuata yatokane na kudunda kwake tu, vidole visiachane na vibao. Mkono wa kushoto upige noti moja kwa kila pigo kuu: C, E, G, A. Usiongeze mwendo mpaka umalize dakika tatu bila kukaza bega. Pedali usiiguse, maana mapigo yatavurugana yawe uji. Wimbo mzuri wa kuanzia ni "Going to the River", kwa kuwa unakwenda taratibu.

Nimepata kodi za "Ain't It a Shame", lakini kinanda changu hakikubaliani na rekodi.

Kodi zako huenda ni sahihi. Kabla ya kutolewa, rekodi hiyo iliongezwa kasi kidogo, na kasi ikipanda sauti nayo hupanda. Kwa hiyo inaangukia katikati ya funguo mbili. Kitufe cha kuhamisha ufunguo hakitakusaidia, kwani kinaruka nusu toni nzima. Tafuta mpangilio wa kutyuni kinanda kizima, usogeze kidogo kidogo huku ukishikilia noti moja ya besi hadi kule kutetemeka kwa sauti kati yake na rekodi kuishe. Mwenye piano ya nyuzi apunguze kasi ya rekodi kwa programu.

Nina nakala ya zamani. Nitumie sindano gani?

Ya santuri ndefu za mono (zenye mkondo mmoja tu wa sauti), ncha ya mikroni 25 hivi. Ya stereo haitaiharibu, ila bonyeza kitufe cha mono kwenye amplifaya. Mikwaruzo mingi itapungua. Ile nene ya santuri za mizunguko 78 kwa dakika usiiweke kabisa: haiingii kwenye mfereji wa santuri, inakwangua kingo zake.