Kamishna wa Mahakama Akija Kukagua Eneo, Uwepo

Shauri langu la mpaka lilinifunza jambo ambalo wakili alikuwa amenieleza mara mbili nami nikalipuuza. Nilidhani siku ya ukaguzi ni ya kamishna, yaani mtu anayeteuliwa na mahakama kukagua eneo, na utepe wake, nikaenda zangu kazini. Kanuni zinamruhusu aendelee iwapo mdaawa (mhusika wa shauri) aliyejulishwa siku hiyo hakutokea, naye akaendelea.

Taarifa yake ilikuwa na kurasa nne na mchoro mmoja. Ilisema uzio wangu umeingia kiwanja cha jirani kwa mita 2.5, bila kueleza vipimo vilianzia wapi, kisha ikaongeza kwamba jirani ndiye mmiliki halali wa kipande hicho. Hilo la pili halikumhusu. Kamishna ni jicho la mahakama: hupima, huhoji, huchora na kuandika alichokiona, lakini kuamua nani mwenye haki hubaki kwa hakimu. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India ya mwaka 1908, ambayo kanuni za Afrika Mashariki zimerithi mengi kutoka kwake, inaifanya taarifa hiyo kuwa ushahidi na sehemu ya kumbukumbu za shauri (Amri ya 26, kanuni ya 10). Hata hivyo kanuni hiyohiyo inaruhusu kamishna ahojiwe mahakamani, na inaipa mahakama isiyoridhika uwezo wa kuamuru uchunguzi zaidi.

Kwa hiyo ukipokea taarifa usiyokubaliana nayo, usinung'unike kwenye korido. Wasilisha pingamizi la maandishi ndani ya muda uliopangwa, utaje aya kwa aya, na uombe kamishna aitwe. Wetu aliitwa. Wakili alimuuliza alianzia wapi kupima, akajibu kwamba alianzia kona ya ukuta wa jirani. Kwa nini si kwenye jiwe la mpaka? "Lilikuwa limefunikwa na majani, na hapakuwa na wa kunionyesha." Niliinamisha kichwa, maana wa kumwonyesha nilikuwa mimi.

Kosa jingine lilikuwa la mapema zaidi. Amri ya uteuzi ilisema tu "akague eneo na kutoa taarifa", maneno mapana yanayomwachia kamishna kujibu asichoulizwa. Omba amri itaje maswali yenyewe: uzio uko wapi, umbali gani, kutoka alama ipi. Wala usimwombe kamishna ili akutafutie ushahidi ambao wewe mwenyewe huna. Mahakama hulitambua ombi la namna hiyo upesi, na gharama zake kwa kawaida hutangulizwa na mwombaji.

Ukaguzi wa pili, uliofanywa pamoja na mpima ardhi, nilifika mapema nikiwa na panga la kufyekea majani na nakala ya ramani ya upimaji. Nilimkabidhi kamishna hoja zangu kwa maandishi, nikamwomba aandike palepale kwamba amezipokea. Kumbe uzio wangu ulikuwa umezidi kweli, ila kwa sentimita 40, nami nikausogeza kabla ya hukumu.